Mpima na wakili walionitoa kwenye kiwanja cha mtoni: nyota 4 kati ya 5

Mpima na wakili wanashea ofisi moja huko Posta, ghorofa ya tatu, lifti mbovu tangu naanza kwenda. Majina nayaweka kapuni kwa sasa, sababu mtaiona huko chini.

Kilichonipeleka ni kiwanja cha 20 kwa 30 upande wa Bunju, nilinunua kwa kampuni moja ya viwanja vya mkopo, elfu 12 kwa mita ya mraba, yani milioni 7 na laki 2, nikalipa laki 6 kila mwezi mwaka mzima bila kuruka hata mwezi mmoja. Saiti tulipelekwa na kosta mwezi wa tisa, jua kali, soda na keki juu yao, nikaona huko nyuma kuna korongo halina hata tone la maji, nikauliza, afisa masoko akajibu "huo ni mfereji tu dada wa maji ya mvua". Bikoni (zile alama za mipaka) zipo, muhuri wa serikali ya mtaa upo, nikajua nimemaliza. Masika ilipoingia huo mfereji ukang'oa mkorosho mzima na mizizi yake.

Ndo nikamtafuta mpima. Laki 2 na nusu. Alichelewa siku 11 na meseji hajibu (hapa ndo nyota moja imeondoka), ila siku aliyokuja aisee alikuja kazini. Hata hakuziangalia bikoni kwanza, alishuka moja kwa moja mtoni akaanza kupimia ukingoni. Nikamwambia kaka kiwanja kipo huku, akacheka, akasema sheria inaanzia huku. Sheria ya Mazingira ya 2004, kifungu cha 57, inakataza shughuli za kudumu ndani ya mita 60 kutoka ufukwe wa bahari, ziwa, kingo za mto au bwawa, na Sheria ya Ardhi ya 1999 nayo inaiweka ardhi kama hiyo kwenye kundi la ardhi inayoweza kutangazwa hatarishi. Sasa bikoni zangu za nyuma zilikuwa mita 38 toka ukingoni, za mbele mita 68. Piga hesabu mwenyewe, kilichobaki ni kipande cha mita 8 kwa 20, labda nijenge banda la kuku. Na ukingo wenyewe hautulii, kila masika unasogea kwangu.

Ripoti yake kurasa tatu, ramani, koordineti, picha za ukingo, imeandikwa kwa Kiswahili cha kueleweka. Kwa hiyo hela mimi sina neno.

Kwa wakili niliingia na moto, nataka kushtaki kila mtu kuanzia mwenyekiti wa mtaa mpaka halmashauri, hati yangu mnasemaje ni ya mtoni wakati muhuri wenu upo. Akaniacha nikamaliza. Akasema dada, ukiigusa halmashauri unatoa kwanza notisi ya siku 90, toka sheria ilivyobadilishwa 2020 lazima na Mwanasheria Mkuu wa Serikali aunganishwe na shauri linaenda Mahakama Kuu, na ukifika huko utaomba nini, mto uhame? Hela yako kala muuzaji. Ushauri laki 1, barua ya madai laki 3, jumla laki 4, kuna mawakili wangenila milioni 2 kwa kunipeleka huko huko nilikokuwa nataka.

Halafu pale kwenye benchi la kusubiri ndo shule yenyewe. Nilikaa na mzee mmoja wa mpunga katokea Bonde la Kilombero, bonde ambalo toka 2002 lipo kwenye orodha ya Ramsar ya ardhioevu za dunia, yeye anasema ni shamba la babu yake, karatasi zinasema ni hifadhi, na wote wawili wana ramani. Mwingine alikuwa anakumbushia X nyekundu za kubomolewa nyumba bonde la Msimbazi mwishoni mwa 2015, watu walivunjiwa bila kitu, miaka baadaye ukaja mradi wa Benki ya Dunia bonde hilo hilo watu wakafanyiwa tathmini wakalipwa. Anauliza kosa lake ni kubomolewa mapema? Hakuna aliyemjibu.

Turudi kwangu. Barua iliwapa siku 14, siku ya 12 kampuni wakapiga simu sauti laini, wanipe kiwanja mbadala Kibaha. Nilikuwa nimeshakubali moyoni jamani, nimechoka. Wakili akasema watume mchoro wa mipango kwanza. Mpima kuuangalia, lile eneo limepangiwa mashamba, siyo makazi, yani ningetoka kugombana na mto nikaanza kuomba kubadilisha matumizi ya ardhi. Tukakataa, wakasaini kurudisha hela kwa awamu tatu za milioni 2 na laki 4.

Mbili zimeingia, ya tatu ni tarehe 30 mwezi huu. Wakili kanikataza kutaja majina mpaka imalizike, kwahiyo mnaotaka namba ya ofisi niulizeni tarehe 31.