Darasa la Misri ya kale huku Kirumba, Mwanza, buku tatu yangu imeenda mahali pake

Nimeshaenda Jumamosi tatu mfululizo kwa hiyo naongea nilichokiona. Ni mzee mmoja mwalimu mstaafu wa historia, anafundisha Misri ya kale kwenye ukumbi mdogo, mkubwa buku tatu mtoto buku. Nilimpeleka binti yangu wa darasa la sita, aliona piramidi kwenye simu maswali yakawa hayaishi.

Kilichonishika ni mafunjo. Haya haya ya ziwani tunayopita nayo kila siku, mwalimu alikuja na mzigo mzima, akamenya ganda la kijani, akachana ule moyo mweupe vipande vyembamba, akapanga safu ya kwanza wima na ya pili juu yake imelazwa, akagonga akakandamiza na mbao, akasema haya ndo makaratasi ya Misri. Wiki iliyofuata yamekauka kabisa, mwanangu kaandika jina lake kwa zile alama za ndege na mawimbi, liko ukutani sebuleni.

Halafu akatuletea habari za Merer. Huyu alikuwa anaongoza kikosi cha watu kama 40, wanabeba mawe ya chokaa kwa mashua toka machimbo ya Tura hadi Giza kwa ajili ya piramidi ya mfalme Khufu, na daftari lake la kazi la mafunjo lilichimbuliwa 2013 pale Wadi al-Jarf, pwani ya Bahari ya Shamu, lina zaidi ya miaka 4,500 yaani! Ndani ni leo tumepakia mawe, leo tumelala huku. Nyuma yangu walikaa vijana wawili wa mitumbwi ya dagaa, mmoja akasema, "Mwalimu, mbona huyo ni kama mimi na daftari langu la mafuta?" Na mwalimu alipochora alama ya mashua yenye tanga akauliza inaelekea wapi, hao hao ndo walijibu, kusini, kama upepo unatoka kaskazini. Ndivyo ilivyo, ya kwenda kaskazini haina tanga, inashuka na maji ya Mto Nile.

Pia mwalimu hatupambi. Mi nilijua maji yetu ya Ziwa Victoria ndo yalikuwa yanafurisha Misri, kumbe mafuriko yalitoka milima ya Ethiopia, haya ya kwetu yanayotokea Jinja yanausaidia mto utembee miezi ya ukame. Nilimheshimu sana hapo.

Kasoro zipo. Feni moja, joto kali, fotokopi zimepauka hazisomeki, tumeambiwa saa nane anaanza na nusu. Jumamosi ya pili umeme ulikatika projekta ikazima, ila mzee aliendelea kuchora kwenye boksi na hakuna aliyetoka.

Mkienda na watoto wahini viti vya mbele na bebeni maji. Wiki hii ni mgomo wa mafundi wa Deir el-Medina, kijiji cha wajenzi wa makaburi ya wafalme, waliocheleweshewa nafaka yao ya mshahara enzi za Farao Ramesses III, na wale vijana wa dagaa wamesema wanakuja na wenzao.