Luanti bila bando: uzoefu wangu wa kucheza na wenzangu kwenye mtandao wa ndani, Busia

Kilichonifanya niipende Luanti ni kwamba haituulizi bando. Tuko Busia, upande wa Uganda, na kundi letu lina vijana wa hapa na wengine wanaovuka jioni kutoka upande wa Kenya baada ya kazi. Kiswahili ndicho kinachotuunganisha sote. Ukifika na simu yako kwenye kibanda cha fotokopi cha binamu yangu, unaunga Wi-Fi ya ruta iliyo pale na unaingia kucheza. Ruta yenyewe haina laini ndani wala haijawahi kulipiwa intaneti. Kazi yake ni kupitisha data kati ya kompyuta ya binamu na vifaa vyetu, basi.

Kwa asiyeijua, Luanti ni programu ya bure ya magemu ya ulimwengu wa matofali. Unachimba, unajenga, unalima, unasafiri, na hakuna anayekupangia cha kufanya. Ilianza mwaka 2010 ikiitwa Minetest, na mwaka 2024 ikapewa jina hili jipya. Sisi tuliizoea ikiwa bado na jina la zamani. Januari 2021, siku za uchaguzi, intaneti ilipozimwa nchi nzima, simu nyingi zilibaki za kupiga na kupokea tu, lakini kwetu watu walizidi kuja kibandani. Gemu haikutambua hata kama intaneti haipo, kwa kuwa haikuwa inaitumia. Kuanzia Julai mwaka huohuo data ikawekewa kodi ya asilimia 12, na kucheza bila bando kukazidi kuwa na maana kwa kijana anayehesabu kila mia tano.

Mgeni akiona skrini zetu, swali la kwanza ni lilelile: hii si Minecraft? Kufanana zinafanana kweli. Lakini Minecraft ya kompyuta inauzwa karibu dola 30, zaidi ya shilingi laki moja za Uganda, na hiyo ni kwa mtu mmoja. Kila mchezaji anatakiwa kuwa na nakala yake na akaunti ya Microsoft. Tena toleo la Java la kwenye kompyuta na toleo la Bedrock la kwenye simu haviingii ulimwengu mmoja hivihivi. Kundi letu lina laptopu za Windows, kompyuta ya Linux na simu za Android za kila umri. Kwenye Luanti zote zinacheza pamoja, na hakuna aliyelipa chochote.

Kuiwasha si kazi. Kwenye kompyuta ya binamu tunachagua ulimwengu, tunaweka tiki pale pa kuhosti seva, yaani kuifanya kompyuta hiyo iwe ndiyo wengine wanayoingilia, tunaandika jina na neno la siri, tunaanza. Wengine wanaandika anwani ya kompyuta hiyo, ambayo kwetu ni 192.168.1.100, na poti, yaani namba ya mlango wa kuingilia, ya 30000 huwa imeshajazwa na programu yenyewe. Mtu mpya anajisajili kwa jina analolipenda. Haombwi barua pepe wala namba ya simu. Akaunti yake inahifadhiwa ndani ya folda ya ulimwengu huohuo, palepale kibandani.

Sasa jambo ambalo, kwangu mimi, ndilo kubwa kuliko yote. Vitu vyote vya ziada, yaani picha, sauti na modi (vipande vya programu vinavyoongeza vitu kwenye gemu), vinakaa kwa anayehosti. Anayejiunga anahitaji programu tupu tu. Akiingia, kompyuta ya seva inamtumia kila kinachohitajika kupitia Wi-Fi, na anaona ulimwengu uleule tunaouona sisi. Maana yake ni kwamba mtu mmoja akienda mahali penye intaneti nzuri na kushusha modi mara moja, kundi zima limeshiba. Tulichukua VoxeLibre, moja ya magemu yanayochezwa ndani ya Luanti, kwa njia hiyo, kutoka kwenye maktaba iliyo ndani ya programu yenyewe, na hakuna mwingine aliyetumia hata megabaiti moja.

Kuna kijana kwetu, mwanafunzi, aliyeudhika kwamba mashamba ya VoxeLibre yana ngano, karoti na viazi lakini hayana mhogo. Akakaa na kuandika modi ya mhogo. Modi za Luanti huandikwa kwa lugha ya Lua, ni faili za maandishi ya kawaida, na picha ya tofali au mmea inaweza kuwa mraba wa pikseli 16 kwa 16, kitu unachoweza kuchora hata kwa programu ya rangi iliyokuja na kompyuta. Alipomaliza, faili ziliwekwa kwenye kompyuta ya binamu, na jioni ile kila aliyeingia akakuta mhogo shambani bila kusakinisha chochote. Nimeona magemu mengi ya bei kubwa, na sijawahi kuona mchezaji akiyafanyia hivyo akiwa Busia na kompyuta ya mtumba. Kijana huyu sasa anaandika programu nyingine za kweli. Nasema wazi kwamba gemu hii ndiyo iliyomfungulia njia.

Ulimwengu wetu una sehemu mbili tunazozijali. Upande mmoja tumejenga Majanji, ule ufuko wa Ziwa Victoria, na mitumbwi, vichanja vya kukaushia samaki na vibanda vya mabati. Upande wa pili ni machimbo, tuliyoyaita Tiira kwa sababu mmoja wetu ana wajomba wanaochimba dhahabu kule Tiira kwenyewe. Huyu ndiye mwalimu wetu chini ya ardhi. Dhahabu ndani ya gemu iko chini sana, na yeye hakubali tushuke wima. Anataka ngazi, taa kila hatua chache, na mwisho wa handaki kuwe na njia ya pili ya kutokea. Alishangaa kwamba mwamba wa gemu hauporomoki hata ukiuchimba chini yote, ni mchanga na changarawe tu vinavyoanguka. Hata hivyo ameweka nguzo za mbao kila mahali, na sisi hatuzing'oi. Nafasi haiishi: ulimwengu wa Luanti unaweza kufika matofali elfu 31 kwenda kila upande kutoka katikati.

Umeme kwetu hukatika bila taarifa, na hilo ndilo lilikuwa hofu yangu kubwa tulipoanza kujenga kwa dhati. Nimefurahishwa sana hapa. Seva huandika mabadiliko ya ulimwengu kwenye diski kila baada ya sekunde chache, kwa hiyo taa zikizima ghafla unachopoteza ni matofali machache uliyoyaweka mwishoni. Umeme ukirudi tunawasha, tunaendelea. Wenye simu na laptopu hukaa na chaji, kwa hiyo tatizo ni kompyuta ya mezani na ruta; binamu ameweka betri ndogo ya kushikilia ruta, na siku za kukatika sana tunahosti kwenye laptopu. Kuhamisha ulimwengu ni kunakili folda yake nzima kwenye flashi. Nakala moja huwa nyumbani kwangu siku zote, na ningemshauri kila mwenye seva afanye hivyo huku gemu ikiwa imefungwa, ili faili ziwe zimekamilika.

Kwenye kuunganisha kuna mambo yanayosumbua watu wapya. Faiwoli ya Windows, yaani ulinzi wake wa mtandao, huuliza mara ya kwanza kama iruhusu programu. Ruhusu kwenye mitandao ya binafsi, la sivyo wenzako watangoja hadi wachoke. Simu nyingi zikiona Wi-Fi haina intaneti huruka zenyewe kwenda kwenye data, kwa hiyo tunaomba kila mtu azime data kabisa. Na kuna ruta, hasa zile za mahali pa umma, ambazo zimepangwa zisiruhusu vifaa kuonana. Juu ya mtandao wa namna hiyo hamtachezea kamwe, hata mkiwa meza moja.

Nisifie kisha nifiche? Hapana. Luanti ikifunguliwa mara ya kwanza huwa tupu. Lazima ushushe gemu yenyewe kabla ya kucheza, na mtu asiyejua hili hudhani programu ni mbovu. Kwenye simu vidole hufunika nusu ya skrini, kwa hiyo mwenye kipanya na kibodi hujenga haraka kuliko mwenye simu na hilo huleta manung'uniko. Simu yenye RAM ya GB 2 inaganda ukiacha umbali wa kuona ukiwa mkubwa; ushushe hadi matofali 50 au 60 na itapumua. Wanyama na maadui wa VoxeLibre wana akili kidogo kuliko wale wa Minecraft, hilo nakubali. Modi yenye kosa huangusha seva nzima na kila mtu anatupwa nje, kama ilivyotokea mhogo ulipokuwa bado unajaribiwa. Na ingawa Kiswahili kimo kwenye orodha ya lugha za menyu, maelezo mengi ya modi bado ni ya Kiingereza. Kwetu huwa mtu anasoma na kuwafafanulia wenzake.

Kama mtakuwa wengi na wengine hamjuani vizuri, wekeni modi inayoitwa areas. Inamwezesha mtu kuweka alama pembe mbili za kiwanja chake na kukilinda, ili asije mwingine akabomoa. Tuliiweka baada ya kundi kukua, na ugomvi wa "nani kavunja ukuta wangu" ukaisha. Anayehosti pia anaweza kumpa au kumnyima mtu ruhusa za kujenga, kuruka au kwenda kasi. Wadogo zetu tunawapa ruhusa ya kuruka, wanafurahi mno.

Kwa kundi la marafiki walio sehemu moja, nampa Luanti nyota nne na nusu kati ya tano. Kwa mtu anayetaka kucheza peke yake kwenye simu ndogo, tatu. Hiyo nusu niliyoibana ni ya vidhibiti vya kwenye simu.

Mnaotaka kuanza: pakueni toleo moja kutoka luanti.org, Google Play au F-Droid, halafu gawaneni faili kwa Bluetooth au flashi. Leseni yake inaruhusu kunakili na kugawa, hakuna wizi wowote hapo. Kagueni namba ya toleo kwenye kila simu kabla ya kuagiza kikomando (chapati na maharage) na kuketi, kwa maana mwenye Minetest ya zamani ya 0.4 haingii kwenye seva ya 5, na atawachelewesha wote mkisubiri asakinishe upya.