Ramani ya dunia ya milima iliyonyanyuka, nimeitumia darasani na maoni yangu ndo haya

Kwa mlioniuliza kuhusu ile ramani ya plastiki ya dunia ambayo milima yake imenyanyuka, ndiyo, ninayo, nimelipa 80,000 kwenye duka la vitabu na kwa mtu anayefundisha jiografia nasema chukua. Ila kuna vitu vimenikera, navyo nitavisema.

Utamu wake uko kwenye vidole. Mwanafunzi ukimwambia Andes ipo magharibi ya Amerika ya Kusini atakariri, mtihani ukipita basi. Sasa mwache apapase kuanzia Venezuela ashuke Kolombia, Ekuador, Peru, Bolivia mpaka Chile na Argentina, anakuta ukuta mmoja wa karibu kilomita 7,000 umeng'ang'ania pwani, mwenyewe anauliza mwalimu mbona milima yote imejazana upande mmoja, na hapo ndo unamweleza bamba la Nazca, yaani kipande cha ganda la dunia kilicho chini ya bahari ya Pasifiki, linavyozama chini ya bara na somo linaingia bila kelele. Himalaya nayo hivyo hivyo, ukigusa kaskazini ya India unasikia kabisa ardhi imejikunja kama mkeka uliosukumwa ukagonga ukuta, na nyuma yake Tibet yote iko juu. Ural ni kamstari kembamba tu, Ulaya huku Asia kule.

Haya, kasoro. Ramani ina upana wa mita moja hivi, kwa vipimo halisi Everest na mita zake 8,849 isingefika hata robo ya milimita, kidole kisingesikia kitu, kwa hiyo lazima waikuze na hilo siwalaumu, lakini wangeandika wamekuza mara ngapi jamani, hakuna popote. Bahari nayo wameiacha laini tupu, wakati safu ndefu kuliko zote duniani iko huko chini ya maji, kama kilomita 65,000, inapita katikati ya Atlantiki na kuchomoza Iceland.

Kilichoniuma zaidi ni Afrika. Atlas ipo, kuanzia Moroko hadi Tunisia, Drakensberg ipo, Kilimanjaro wameweka kinundu, lakini Rwenzori hamna, Rwenzori yenye kilele cha mita 5,109! Na Tao la Mashariki lote, Taita kule Kenya, Pare, Usambara, Uluguru mpaka Udzungwa, wamelisawazisha. Mtoto wa Morogoro anaamka Uluguru iko dirishani, na maji ya Ruvu wanayokunywa Dar yanatoka huko huko, halafu ramani inamwambia kwenu tambarare. Nimechanganya vumbi la mbao na gundi nikapachika mwenyewe, ikakauka nikapaka rangi, wanafunzi sasa wanaanzia pale kabla hawajaenda popote.

Plastiki yenyewe nyepesi, ukibonyeza Alps kwa nguvu zinaingia ndani na hazirudi vizuri, kwa hiyo dukani usikubali wakuviringishie, ibebe bapa hivyo hivyo hata kama daladala imejaa. Ukifika usiitundike juu kama picha ya ukutani, iweke usawa wa mkono wa mtoto au ilaze mezani. Na bei pigania, mwenzangu wa shule ya jirani kapewa kwa 65,000 duka lile lile.