Tathmini: Ofisi ya Malindi inayotayarisha uthibitisho wa fedha kwa viza ya mwanafunzi

Huduma ninayoitathmini hapa hutolewa na mama mmoja mwenye ofisi ya chumba kimoja kando ya Barabara ya Lamu, mjini Malindi, ambaye humsaidia mwanafunzi na jamaa zake kuthibitisha kwamba wana fedha za kutosha kabla ya kuomba viza ya kusoma ng'ambo. Ofisi yenyewe sitaitaja, kwa sababu mwenyewe anafanya kazi peke yake na aliniomba nisimletee watu wengi kuliko anaoweza kuwahudumia. Hata hivyo naona ni wajibu wangu kuieleza kwa kina, kwa maana wazazi wengi wa pwani wanalipia huduma za namna hii bila kujua wanapaswa kudai nini. Hukumu yangu ni kwamba ada yake inastahili, na inastahili kwa jambo moja hasa: anakwambia mapema, kabla hujatoa hata shilingi, ni fedha ipi itakayohesabika na ipi haitahesabika, hata kama jibu hilo linamkosesha mteja.

Tulikwenda kwake kwa ajili ya mpwa wangu, binti ya dada yangu, aliyepata nafasi ya shahada ya uzamili ya mwaka mmoja katika chuo cha Uingereza kilicho nje ya London. Baba yake alifariki akiwa mdogo, na tangu hapo karo yake, sare zake na matibabu yake vimekuwa juu yangu. Kwetu jambo hilo halihitaji maelezo. Mjomba ni mzazi, na hakuna atakayeuliza kwa nini nalipa. Kwa hiyo nilibeba taarifa ya akaunti yangu ya benki, nikiwa na hakika kwamba kazi iliyobaki ni kupiga muhuri. Mama yule aliitazama, akairudisha mezani kwa adabu, akasema, "Mzee wangu, fedha hizi ni nzuri na ni nyingi, lakini kwa Uingereza ni kama hazipo." Kisha akafafanua kwamba kanuni za Uingereza zinakubali akaunti ya mwanafunzi mwenyewe, ya mzazi wake, ya mlezi aliyetambuliwa kisheria, au ya mwenza wake ikiwa yupo; mjomba, ami, shangazi na kaka hawamo. Mlezi wa kisheria ni yule mwenye hati ya kuasili au amri ya mahakama inayomtaja hivyo, na malezi ya miaka mingi yasiyo na karatasi hayamfikishi mtu huko.

Jambo hili liliniuma, na bado nasema wazi kwamba kanuni hiyo haiijui familia ya Kiafrika. Lakini thamani ya huduma ilikuwa katika hatua iliyofuata. Badala ya kutuacha na huzuni, alitueleza njia halali: nimpe mpwa wangu fedha zile moja kwa moja, ziingie katika akaunti yake mwenyewe na ziwe mali yake, nami niandike barua ya kueleza kwamba ni zawadi isiyodaiwa, ikiambatana na taarifa ya akaunti yangu inayoonyesha zilikotoka. Alisisitiza mara nyingi kwamba zawadi ni zawadi kweli. Fedha zikishatoka kwangu zisirudi, kwa kuwa zinapaswa kuwepo pale pale mwanafunzi atakapozihitaji kulipa kodi ya chumba na chakula. Kwa mwenye mzazi hai anayetumia akaunti ya mzazi, hati zinazodaiwa ni taarifa ya benki, cheti cha kuzaliwa kinachoonyesha uhusiano, na barua ya mzazi ya kuridhia fedha zitumike.

Katika hesabu yenyewe mama yule ana uangalifu wa kupendeza. Kwa maombi yanayowasilishwa kuanzia 11 Novemba 2025, Uingereza inamtaka mwanafunzi wa nje ya London aonyeshe pauni 1,171 kwa kila mwezi wa masomo, na wa London pauni 1,529, hadi miezi 9. Kwa mpwa wangu hiyo ni pauni 10,539 za kujikimu, ambazo kwa kiwango cha shilingi 170 kwa pauni ni karibu shilingi milioni 1.8, na juu yake huongezwa karo yoyote ya mwaka wa kwanza ambayo haijalipwa chuoni. Karo iliyokwisha kulipwa hupunguzwa ikiwa chuo kimeiandika katika hati yake ya udhamini ijulikanayo kama CAS. Kwa sababu hiyo alitushauri tukiandikie chuo barua pepe ili malipo yetu ya awali yaonekane katika hati hiyo, badala ya kutegemea risiti peke yake.

Kisha kuna siku 28, na hapa ndipo ninapomsifu zaidi. Fedha zote zinazotakiwa lazima zikae katika akaunti kwa siku 28 mfululizo bila salio kushuka chini ya kiwango hata siku moja, na siku ya mwisho ya kipindi hicho isiwe imepita zaidi ya siku 31 kabla ya tarehe ya kuwasilisha ombi. Yeye alichukua kalenda ya ukutani, akatia alama siku ambayo fedha zingeingia, siku ya 28, na siku ya mwisho ya kuwasilisha, akampa mpwa wangu karatasi hiyo aende nayo. Alimkataza kabisa kuitumia akaunti ile kwa jambo lingine lolote katika kipindi hicho, hata kununua vocha. Alikumbusha pia jambo ambalo sikulisikia kwa mtu mwingine: ada ya viza na ada ya huduma za afya, ambayo kwa mwanafunzi ni pauni 776 kwa mwaka, zilipwe ama kwa akaunti nyingine ama baada ya siku 28 kutimia na taarifa ya benki kuchapishwa, ili zisilipunguze salio lile lile linalothibitishwa. Kwa kozi ya mwaka mmoja ada hiyo ya afya hufika pauni 1,164, maana ruhusa ya kukaa hurefushwa kwa miezi michache baada ya masomo, na asiyejua hujikuta amelila salio lake mwenyewe katikati ya safari.

Aliongeza kwamba maofisa hubadilisha shilingi kuwa pauni kwa kiwango kinachotangazwa na OANDA, tovuti ya viwango vya kubadilishia fedha, siku ya kuwasilisha ombi, si kwa kiwango cha benki yetu, na kwa hiyo akashauri kuacha ziada ya kutosha juu ya kiwango kwa ajili ya kupanda na kushuka kwa shilingi. Huo ni ushauri wa mtu aliyeona ombi likianguka kwa upungufu mdogo.

Kwa watu wa Malindi, hata hivyo, tatizo kubwa si kukosa mali. Mali ipo, lakini imelala mahali ambapo ofisa wa viza hawezi kuihesabu. Wapo wenye minazi na mikorosho, wenye hatimiliki ya kiwanja, wenye ngalawa na mashine, na akina mama ambao akiba yao ya maisha yote ni dhahabu. Hakuna hata kimoja kati ya hivyo kinachosimama badala ya fedha katika akaunti kwa viza ya Uingereza. Hisa na dhamana nazo hazihesabiki. Amana ya SACCO ndiyo inayowaumiza watu zaidi, kwa kuwa mwenye nayo anaiona ni fedha taslimu, ilhali kwa kawaida haiwezi kutolewa mpaka mwanachama ajiuzulu, na kanuni inataka akaunti ambayo fedha zake zinaweza kuchukuliwa mara moja. Amana ya muda maalumu iliyofungwa ina kasoro hiyo hiyo. Mama yule huwaambia wateja wa aina hii wakope kwa dhamana ya amana yao au wauze wanachoweza kuuza mapema, miezi kabla ya tarehe za chuo, wala hawaharakishi. Vivyo hivyo kwa fedha za harambee: aliwaelekeza majirani zetu wa Maweni wasiziache kwenye simu ya mweka hazina, bali ziingizwe zote katika akaunti ya mwanafunzi au ya mzazi, waweke daftari la wachangiaji, ndipo waanze kuhesabu siku.

Sisi tunaotegemea hoteli za hapa na za Watamu fedha zetu huja kwa msimu. Mimi huuzia hoteli samaki, na akaunti yangu hujaa Desemba hadi Machi, kisha hukauka mvua za masika zinapoanza na hoteli nyingi kupunguza kazi. Kwa Uingereza hilo si kikwazo, maana kinachopimwa hasa ni zile siku 28. Kwa Kanada, ambako mwombaji huombwa taarifa za benki za miezi 4, kupanda na kushuka huko kunahitaji kuelezwa kwa barua na kuungwa mkono na leseni ya biashara, ankara na hati za kodi. Alitueleza hayo bila kuombwa, na nilithamini kwamba anaujua uchumi wa mji huu na hamtazami mvuvi kama mtu anayeficha kitu.

Nije kwenye majina. Cheti cha kuzaliwa cha mpwa wangu kinamtaja mama yake kwa jina la nyumbani, na kitambulisho cha dada yangu kina jina la msikitini pamoja na la babu. Ingawa hatimaye hatukutumia akaunti ya dada yangu, mama yule alitutaka tulisahihishe hilo kwa hati ya kiapo mbele ya wakili, akisema tofauti ya namna hiyo imewachelewesha vijana wengi wa Malindi na Lamu ambao vyeti vyao viliandikwa kwa kuchelewa.

Lazima nieleze pia kwa nini siwezi kuwapendekeza wengine waliotufuata kwa simu. Wakala mmoja wa Mombasa, ambaye hakuwahi kumwona mpwa wangu, alijitolea kutuazima fedha za kukaa katika akaunti kwa mwezi mmoja kwa riba, na pale tuliposita akasema anaweza kutupatia hata taarifa ya benki iliyokwisha kutengenezwa. Uingereza inaweza kumfungia mtu anayewasilisha hati za uongo asipate viza kwa miaka 10. Anayebeba adhabu hiyo ni kijana wa miaka ishirini na kitu, wala si wakala. Mama wa Malindi alipoulizwa na mteja mwingine mbele yetu kama anaweza kufanya mpango wa kuazima, alikataa palepale na kumweleza sababu kwa utulivu, bila kumdhalilisha. Kwa kukataa huko peke yake ningemlipa tena.

Huduma hii ina dosari, na moja si ndogo. Orodha iliyochapishwa aliyotupa ilikuwa bado na kiwango cha zamani cha pauni 1,136 kwa mwezi, kilichotumika kwa maombi ya kuanzia 2 Januari 2025, ilhali ombi letu lilikuwa likiwasilishwa baada ya mabadiliko ya Novemba. Mpwa wangu aliligundua hilo alipoisoma tovuti ya serikali ya Uingereza. Tofauti kwa miezi 9 ni pauni 315, zaidi ya shilingi 50,000, na upungufu wa namna hiyo unatosha kuangusha ombi zima. Alipoonyeshwa aliirekebisha karatasi mbele yetu na akawapigia simu wateja wengine waliokuwa nayo, jambo ninaloliheshimu, lakini mtu anayelipwa kwa kujua viwango anapaswa kuvikagua kila mara vinapotangazwa. Kadhalika simu yake hupatikana kwa shida, na hati husubiri umeme urudi ndipo zichapishwe.

Ujuzi wake pia haulingani kwa nchi zote. Kwa Ujerumani anajua kwamba mwanafunzi hufungua akaunti maalumu iliyozuiwa yenye euro 11,904 kwa mwaka, ambayo humpa euro 992 kwa mwezi akishafika, lakini alisitasita alipoulizwa kuhusu mdhamini anayeishi huko, na katika mji wenye ndugu wengi walioolewa Ulaya swali hilo si la kando. Kwa Australia alitaja dola 29,710 za huko kwa matumizi ya mwaka, zaidi ya karo na nauli, na kwa Kanada dola 22,895 za huko kwa mwanafunzi mmoja tangu 1 Septemba 2025, kabla ya karo. Kwa Marekani alinifurahisha kwa kusema kwamba huko mjomba anaweza kuwa mdhamini, maana chuo huandika gharama za mwaka katika fomu I-20, na mwanafunzi anaweza kuonyesha fedha za jamaa aliye tayari kumlipia.

Ada yake ni shilingi 6,500 kwa faili zima, inalipwa kwa risiti, nusu mwanzoni na nusu hati zikikamilika, wala hachukui asilimia ya fedha zinazoonyeshwa. Anayekwenda Uingereza na mwenye wazazi wanaojulikana kwa hati aende kwake bila wasiwasi. Anayelelewa na jamaa aende mapema zaidi, angalau miezi mitatu kabla ya tarehe ya chuo, kwa sababu kuhamisha fedha na kuzisubiri kunakula muda. Anayekwenda Ujerumani kwa udhamini wa ndugu atafute ushauri mwingine kwanza. Wote wabebe cheti halisi cha kuzaliwa, vitambulisho vya wazazi na taarifa za benki zenye muhuri, na wakifika wamwombe afungue tovuti rasmi ya nchi husika mbele yao kabla ya kuandika kiwango chochote katika kalenda.