Elektrodi za ndani ya ubongo au kofia ya EEG, PhD ushike ipi?

Wadogo zangu wa Tanga mnaouliza uhandisi wa neva uanzie wapi, mi naona hivi. Elektrodi za kupandikiza, yaani vidude vya kunasa umeme wa ubongo vinavyowekwa ndani ya kichwa, ndo zenye sifa, ile inayoitwa ya Utah ni kidude cha milimita 4 kwa 4 chenye sindano 100 zinazochoma gamba la ubongo, na 2004 kuna kijana Marekani aliyepooza alipandikizwa akawa anasogeza kishale cha kompyuta kwa kuwaza tu, yaani raha kweli! Ila hapo unamtegemea daktari wa upasuaji wa ubongo, vibali kibao, wanyama wa majaribio, pepa moja ya utafiti inakula miaka, sasa ukimaliza ukirudi Tanga unaendeleza wapi?

EEG, yaani kupima umeme wa ubongo kutokea juu ya ngozi ya kichwa bila kupasua, ni kofia na jeli. Unapaka, unachomeka laptopu, mtu akipepesa macho tu mstari unaruka. Ishara yake ni mikrovolti tu, yaani sehemu za milioni za volti, fuvu linaififisha, hilo halina ubishi, lakini ukiwa na kibali unaweza kupima wenye kifafa hata Muheza, ukachapisha, ukafundisha wanafunzi wako mwenyewe. Mi ningeanza na EEG, maana ukishazijua hesabu za kusafisha ishara zinakufaa hata ukihamia kwenye elektrodi za kupandikiza baadae.