Walinikatia Paris: uzoefu wangu na sanduku la riwaya za miji mikubwa

Orangutani hayupo. Nianzie hapo, maana ndiye aliyenifanya niandike haya, na kijana wa huduma kwa wateja alicheka nilipomtaja.

Kwa asiyejua ninazungumzia nini: ndani ya Les Misérables (1862) Victor Hugo anamshusha Jean Valjean, mfungwa wa zamani, kwenye mifereji ya majitaka chini ya Paris, amembeba Marius, kijana wa upande wa waasi, aliyezimia kwa majeraha, juu yao askari wamekwisha kuteka kizuizi cha waasi. Ni Juni 1832. Msomaji hapo roho iko juu. Basi Hugo, kwa ujeuri wake, anasimamisha kila kitu na kuanza kusimulia habari za kinyesi. Anasema Paris inatupa faranga milioni 25 majini kila mwaka kwa kumwaga mbolea ambayo ingelisha mashamba. Anamsifu mkulima wa China anayerudi kutoka mjini na ndoo zake mbili zimejaa. Kisha anamleta Bruneseau, aliyeingia kuikagua mifereji hiyo tangu 1805, enzi za Napoleon, wakati hakuna aliyejua vizuri inapita wapi na inatokea wapi. Baadhi ya vibarua wake wanafika mahali wanagoma, hawaendi mbele tena. Na huko chini wanakuta vioja: mifupa ya orangutani aliyepotea Jardin des Plantes, bustani ya mimea na wanyama ya Paris, mwaka 1800, na kitambaa kilichooza ambacho Hugo anasema ni kipande cha sanda ya Marat, yule mwanamapinduzi wa Ufaransa.

Niliisoma zamani sana, kopi ya maktaba, jalada limeshonwa kwa uzi. Mengi nimeyasahau. Nani alimpenda nani, nani alimdai nani, hayo yalipotea. Mifereji haikupotea. Kila nikisikia mtu anasema kuna vitabu vinavyokuingiza ndani ya mji mkubwa hadi unausikia harufu, mimi nafikiria kurasa zile. Kwa hiyo nilipoona sanduku la riwaya za miji mikubwa linauzwa mtandaoni, na Hugo yumo, sikujiuliza mara mbili.

Ukubwa wa vitabu, aina ya karatasi, rangi ya sanduku, hayo yote yako kwenye tangazo lao, kasomeni huko. Mimi nina neno moja tu.

Nilifika mahali Valjean anainua wavu wa chuma na kushuka. Nikajiweka sawa kitini, nikafungua ukurasa, tayari kwa ndoo za mkulima. Nikakuta aya mbili za giza na matope, halafu huyo Valjean yuko kwenye geti la kutokea mtoni, anazungumza na yule tapeli Thénardier mwenye ufunguo. Amekwisha kufika! Amekata Paris nzima kwa chini, na mtu mgongoni, kwa aya mbili.

Nikadhani kurasa zimedondoka. Nikaangalia namba: zinafuatana vizuri, hakuna iliyoruka. Basi hazikudondoka. Mtu alikaa mezani, akaamua, akakata, kisha akazipanga namba upya ili zisimsute. Nikazunguka jalada mbele na nyuma kutafuta kama wamesema limefupishwa. Hakuna. Mwisho kabisa, kwenye ukurasa ambao hakuna anayeusoma, kwa herufi ndogo kuliko za kwenye kijikaratasi cha dawa: "Toleo hili limehaririwa kwa ajili ya msomaji wa leo."

Msomaji wa leo ni nani? Mimi nasoma leo.

Nikapiga simu. Nilisubiri sana, muziki ule ule unajirudia, hadi akapokea kijana mwenye sauti nzuri tu, na adabu mwanzoni. "Karibu dada, nikusaidie nini?" Nikamweleza kwa utulivu, nathibitisha kwa utulivu, kwamba sehemu ya tano, kitabu cha pili, chote hakimo, na cha tatu kimebaki mifupa.

"Hadithi iko vile vile, dada. Wametoa tu zile sehemu zinazochosha."

"Kaka yangu, hizo sehemu ndizo nilizonunulia."

Kimya kidogo. "Sehemu gani hasa?"

Nikamtajia mifereji, Bruneseau, orangutani. Hapo ndipo alipocheka. Si kicheko cha mtu aliyefurahi, kile cha mtu anayemgeukia mwenzake wa meza ya pili. Kisha akasema, na maneno haya nayakumbuka yalivyo: "Dada, kama unapenda mitaro, tafuta kitabu cha mitaro. Hiki kinahusu huruma."

Nilikata simu mwenyewe. Hata salamu ya kuagana sikumpa, nami si mtu wa hivyo.

Sasa nimwambie hapa nilichoshindwa kumwambia kule. Hiki kinahusu huruma, sawa. Lakini ninyi hamkuniuzia sanduku la huruma. Mliandika juu yake MIJI MIKUBWA. Na riwaya ya mji mkubwa ina tabia moja ya kuudhi: mji wenyewe unakaa pale pale ambapo mhariri mwenye haraka anaona hakuna kinachotokea. Matukio yanaweza kufanyika popote. Mfungwa akatoroka, kijana akapenda, polisi akamwinda mtu, hayo hata kijijini yapo. Lakini mahali ambapo uchafu wa maelfu kwa maelfu ya watu wasiojuana unakusanyika kwenye bomba moja, na tajiri na maskini hawana namna ya kutenganisha vyao, hapo ni mjini. Hugo alilijua hilo. Valjean akitembea kule chini, Hugo anatuambia ni mtaa upi uko juu ya kichwa chake, wapi mteremko unamwongoza, wapi doria ya polisi inapita na taa na kufyatua risasi gizani kwa kubahatisha, wapi sakafu inalainika na kutaka kummeza. Ni ramani ya Paris iliyosomwa kwa nyayo. Ukiitoa, umebaki na wanaume wawili waliolowa.

Na msinifikirie kwamba mimi ni mtu wa kushabikia urefu kwa sababu ya urefu. Hugo anapayuka, ni kweli. Kuna mahali hata mimi niliruka nilipokuwa nasoma ile ya maktaba. Ila niliruka mimi. Kidole changu, macho yangu, na ningetaka kurudi ningerudi.

Haya, nilitaka kutoa nyota moja na kufunga. Tatizo ni kwamba sanduku lina vitabu vingine, na kimoja wapo kimeniharibia hasira.

Berlin Alexanderplatz ya Alfred Döblin (1929) kimo kizima. Nimekikagua kwa jicho la mtu aliyekwisha kuibiwa, sikuona pengo. Franz Biberkopf anatoka gereza la Tegel, anapanda tramu namba 41 kuingia mjini, na anaogopa. Gerezani alizoea; nje ndiko adhabu inapoanza. Mapaa anayaona kama yatateleza yamwangukie. Na Döblin hamwachi Franz aongee peke yake. Anaweka vituo vya tramu namba 68 kimoja baada ya kingine, anaweka utabiri wa hali ya hewa, matangazo ya biashara, takwimu za machinjio pamoja na maelezo ya jinsi ng'ombe anavyoangushwa. Kurasa za machinjio nilizisoma nimeshika tumbo. Hapa kila sentensi ni ya kukatwa ukimpa yule kijana mkasi, lakini ukikata moja inabidi ukate zote, na hapo kitabu hakuna. Nadhani ndiyo maana kilisalimika. Hawakupata pa kuanzia.

Kwa ajili ya kitabu hicho kimoja niliongeza nyota. Nikaongeza nyingine kwa Naguib Mahfouz.

Zuqaq al-Midaq (1947) ni kichochoro kimoja cha Kairo wakati wa Vita ya Pili ya Dunia, hakifiki hata kuwa mtaa. Mwanzoni tu yuko mzee msimuliaji, amezoea kuja kwenye mkahawa wa Kirsha na chombo chake cha muziki kuwaimbia wateja visa vya kale. Siku hiyo mkahawa unawekewa redio. Kirsha anamwambia wazi kwamba watu hawazitaki tena hadithi zake, wamekwisha kuzijua zote. Mzee anaondoka. Basi, ni hilo tu, na umekwisha kuelewa kinachoujia mji mzima. Halafu kuna Zaita, ambaye kazi yake ni kuwatengenezea watu vilema ili wapate riziki kwa kuombaomba. Anawapa kilema kinachomfaa kila mmoja, kwa ufundi, na anachukua sehemu ya mapato. Nimesoma wengi walioandika juu ya umaskini wa mjini, wachache wamethubutu kuonyesha kwamba nao una mafundi wake.

Kitabu chembamba, nacho kizima. Nyota tatu, basi. Nikaanza hata kumwonea huruma kijana wa simu. Mshahara wake si mkubwa na Hugo si yeye aliyemkata.

(Malalamiko ya pembeni: sanduku la miji mikubwa likiwa na Kairo tu kwa Afrika nzima ni aibu. Mnigeria Cyprian Ekwensi alikwisha kuandika People of the City mwaka 1954. Na Meja Mwangi, Going Down River Road, 1976: Ben na Ocholla wanajenga jengo refu la Development House kwa mikono yao, na kila ghorofa linalopanda linawasogeza karibu na siku ya kukosa kazi. Ningemtoa mmoja wa hawa wazungu wenye ndevu nikamweka Mwangi bila kufikiri. Tena hakuna atakayesema anachosha.)

Kisha nikafungua Dickens, na huruma yote ikaniisha.

Bleak House, kitabu chake cha London kilichotoka kwa vipande kati ya 1852 na 1853, kinaanza kwa ukungu. Ukungu mtoni, ukungu kwenye meli, ukungu kooni mwa wastaafu wa Greenwich, hadi kwenye mahakama ambako kesi ya mirathi imekaa miaka watu wanazaliwa na kufa ndani yake. Katika sanduku langu ukungu upo wote, neno kwa neno. Nikafurahi. Nikasema, wameheshimu. Nikaendelea hadi Tom-all-Alone's, ule mtaa wa nyumba mbovu anakolala Jo, mtoto anayefagia njia panda na asiyejua lolote. Pale Dickens anaeleza jinsi uchafu wa mtaa ule unavyolipiza kisasi, jinsi hakuna tone la damu yake chafu ambalo halitafika kwa wakubwa, na kweli ugonjwa unatoka kwa Jo na kumfikia Esther, mmoja wa wasimuliaji wa kitabu, ambaye hakuwa na ugomvi na mtu. Ndiyo hoja ya kitabu. Kwenye kopi yangu kisasi hicho kimebaki sentensi mbili.

Nikakaa nikafikiri: kwa nini ukungu waliuacha? Ndipo nikaona. Ukungu uko ukurasa wa kwanza. Anayetaka kununua akionjeshwa kurasa za mwanzo mtandaoni, anakutana na ukungu mzima, anasema hiki ndicho chenyewe, analipa. Mkasi unaanza mbali, mahali ambapo umekwisha kulipa. Nilirudi kwa Hugo nikaangalia: mwanzo wake nao ni mzima, na Askofu Myriel yuko na mali zake zote zimehesabiwa, sura baada ya sura, wala hapo hakuna aliyesema zinachosha.

Kwa hiyo si suala la kuchosha, na kijana yule alinidanganya, au alidanganywa naye akanipitishia. Nikipima vyote pamoja naona nyota mbili, ingawa usiku wa Döblin niliapa kwa nafsi yangu ni nne.

Walinitumia ujumbe baadaye kidogo, wa kuomba radhi, wenye jina langu limekosewa, wakinipa punguzo la kununulia sanduku la pili la mfululizo huo huo. Sikuwajibu. Punguzo sijalifuta pia, maana wamesema kuna Lagos ndani.

Kama kuna mtu mwenye Hugo kamili, tafsiri yoyote ile, aniandikie jina la mchapishaji, ila kwanza afungue sehemu ya tano, kitabu cha pili, ahakikishe kwa macho yake. Jalada asiliamini. Huyu wa kwangu na Dickens nawauza pamoja, na mnunuzi nitamwambia kilichokatwa kabla hajatoa hela. Döblin na Mahfouz hawauzwi.