Visual Identities ya Jean-Marie Floch: maoni ya fundi mabango aliyekianza mara mbili

Wadau wa nembo na mabango, hiki kitabu nimekimaliza juzi usiku kwa jaribio la pili na nimeona nisikae kimya. Mara ya kwanza kilinishinda, niliishia kurasa 30 nikakiweka kabatini, mara ya pili nikakomaa nacho na aisee, miaka 11 niko Mwenge nachora mabango na hakuna mtu aliyewahi kunielezea kazi yangu mwenyewe namna hii.

Kwa asiyemjua, Floch ni Mfaransa, alizaliwa 1947 akafariki 2001. Alisoma kwa Greimas, yule profesa wa asili ya Lithuania aliyejenga semiotiki pale Paris, yaani elimu ya ishara, jinsi vitu vinavyotengeneza maana. Wakati ule elimu hiyo ilitumika hasa kuchambulia hadithi na mashairi, Floch yeye akaibeba akaingia nayo kazini, Ipsos, kampuni ya utafiti wa masoko, akawa anashauri makampuni kuhusu nembo na matangazo mpaka mpangilio wa supamaketi.

Kazi yake inayotajwa sana ni ya metro ya Paris, aliifanya kwa ajili ya RATP, wenye kuendesha ile metro (hii iko kwenye kitabu chake kingine cha 1990, siyo hiki). Abiria walifuatiliwa safari nzima, anasimama wapi, anatazama nini, anapita njia gani, halafu Floch akawagawa makundi manne: kuna anayeipima njia hatua kwa hatua, kuna mzoefu ambaye kwake vituo vinaungana bila kukwama popote, kuna anayekwenda kama yuko usingizini, na kuna mtembezi anayeacha safari imshangaze. Tangu nisome hiyo kitu nikiwa kwenye mwendokasi kutoka Kimara nawaona wote wanne, na yule wa usingizini kwa kweli bango langu halioni hata niliwekee taa.

Sasa kitabu chenyewe. Kilitoka kwa Kifaransa 1995, Kiingereza 2000. Sura ninayoipenda kuliko zote ni ya IBM na Apple, kampuni mbili za kompyuta. Ziweke nembo mbili pembeni kwa pembeni, ile ya IBM ya mistari ya 1972 na lile tufaa la rangi la 1977. IBM ni herufi tatu, mistari imezikatakata, rangi moja, kona zimenyooka. Apple ni umbo moja tu, mistari yake imeshikana, rangi ni nyingi na hazijafuata mpangilio wa upinde wa mvua, kila kitu kimejipinda. Floch anaonyesha kwamba tufaa limeigeuza IBM kitu kwa kitu, yaani nembo inasema kwa kupingana na jirani yake, siyo peke yake. Hapo nilifunga kitabu nikatoka nje kutazama mabango ya mtaa wetu.

Kuna sura ya kisu cha Opinel pia, kisu cha Savoie, huko Ufaransa, kinachotengenezwa tangu 1890, mpini wa mbao na ubapa wa chuma basi. Anakilinganisha na kile cha Uswisi chenye blade ya kila kazi: kile cha Uswisi kimeshakufikiria kazi zako zote, Opinel inasubiri akili ya mkono wako. Mimi nimekua namuona babu akifanya kila kitu kwa kisu kimoja, sura hii imenigusa sana.

Kasoro zipo. Lugha ni nzito, ule mraba wake wa maana, yaani mchoro wa pembe nne wa kupanga maana zinazopingana, ukikutana nao bila mtu wa kukuelekeza unaumiza kichwa, ruka kwanza uende kwenye mifano halafu rudi. Bei nayo imechangamka, na niliyenunua kwake aliniandikia hali nzuri sana kumbe gundi imekufa, kurasa zinatoka zenyewe, nikamwandikia mara tatu hajajibu. Halafu mifano karibu yote ni ya Ulaya na Marekani, Chanel ya mitindo, Waterman ya kalamu, Habitat ya samani, na mimi muda wote nawaza kanga, ina pindo, ina mji, ina jina, vyote vinasema kwa pamoja, natamani sana mtu wetu akae nayo kwa subira kama aliyokuwa nayo Floch.

Mwezi uliopita alikuja mama mmoja anafungua duka la dawa, anataka msalaba wa kijani. Nikampigia picha maduka manne ya mtaani kwake, yote msalaba, yote kijani, herufi zote kubwa na nyembamba, nikampangia mezani tukatazama kimya. Akasema mwenyewe, mwanangu hapa mimi nitapotea. Tukaacha msalaba mdogo chini, juu tukaweka jina lake kwa herufi za duara, nyeupe kwenye bluu nzito, na anaonekana toka kituoni.

Nakipa nyota 4 kati ya 5. Nakala yangu siazimi kwa jinsi ilivyolegea, ila aliye Dar akitaka kukisoma aje akae hapa hapa ofisini, benchi lipo.